Herufi Isiyo na Kazi

Jina la Bwana Nia alipewa kwa dhihaka, akalipokea kwa uzito, na mwishowe likamkaa kama koti lililoshonwa kwa vipimo vyake. Kazi yake ilikuwa kutengeneza mashine za taipu, na wateja walipungua mwaka hata mwaka, kwa kuwa ofisi nyingi zilikwisha kuhamia kwenye kompyuta. Walibaki mawakili wawili watatu wakaidi, shule moja ya uhazili, na wazee ambao wasingeachana na mashine zao kama wasivyoachana kwa hiari na meno yao ya asili. Hao walitosha kumfanya afungue karakana saa mbili kamili kila asubuhi, amevaa koti la kijivu lenye mifuko minne, na katika mfuko wa juu kushoto daftari la jalada gumu.

Daftari hilo ndilo lililomletea jina.

Alipokuwa na umri wa miaka kumi na tisa, akijifunza ufundi katika karakana ya idara moja kubwa, aliletewa mashine mbili zilizonunuliwa siku moja, zikatumika chumba kimoja, kwa kazi ileile ya kuandika taarifa za mikutano. Ya kwanza ilikuwa imechakaa sawasawa, kama kizingiti cha nyumba yenye watu wengi. Ya pili ilikuwa nzima kila mahali, isipokuwa ncha ya kulia ya kile kitufe kirefu cha kuachia nafasi, ambako rangi ilikuwa imelika hadi chuma kikaonekana.

"Ni matumizi tu, kijana," alisema fundi mkuu. "Safisha, tia mafuta, rudisha."

Alisafisha, akatia mafuta, akairudisha mwenyewe, na kule ofisini akajionea. Mwandishi wa mashine ya pili, mama wa makamo, aliketi amegeuza mwili kuelekea mlangoni, hata kidole gumba chake cha kulia kikafanya kazi ya viwili. Miezi mitatu baadaye mama yule aliacha kazi, akafungua bekari yake. Mkuu wa ofisi alishangaa sana. Kijana hakushangaa hata kidogo. Mashine ilikuwa imekwisha kumwambia. Usiku ule aliandika sentensi ya kwanza ya daftari lake: *Matumizi huchakaza kitu, nia hukichakaza kwa mwelekeo.*

Kutoka hapo, kwa miaka thelathini na minne, alipima, akalinganisha, akafuta, akaandika upya, hata akapata kanuni tatu. Nia iliyotimizwa, aliandika, huisha ndani ya kazi yake kama mafuta ndani ya taa. Nia iliyozuiwa haina pa kuishia, basi hukaa katika kitu kilicho karibu na mkono wa mwenyewe, na hapo mtu mwenye subira aweza kuisoma. Ama nia ambayo mtu ameifuta mwenyewe, kwa hiari yake, hiyo haiachi kitu. Ni kana kwamba haikuwahi kuwapo. Kanuni hii ya tatu ilimridhisha kuliko zote, kwa sababu ilikuwa safi.

Chumba cha karakana aligawana na fundi wa saa, mtu mnene mwenye kicheko cha ghafla, ambaye kwa miaka ishirini na miwili hakuwa amekubali hata neno moja la daftari lile.

"Mimi saa ikisimama naangalia betri," alizoea kusema. "Siiulizi ilikuwa na huzuni gani."

"Ndiyo maana zinarudi."

"Zinarudi kwa sababu watu wanaoga nazo, Bwana Nia!"

Jumatatu moja, kabla ya saa nne, dada yake mkubwa aliingia akihema, akaweka mezani kitu kilichofunikwa kwa kitambaa cha buluu chenye pindo la mkono. Bwana Nia alikitambua kitambaa kabla ya kukitambua kitu. Ilikuwa mashine ya baba yao.

Baba huyo, aliyefariki miaka minne iliyopita, alikuwa karani wa mahakama, na siku ya kustaafu, yapata miaka thelathini na mitano nyuma, wenzake walimzawadia mashine mpya, ingali ndani ya boksi lake. Aliiweka chumbani mwake, akaitumia hadi mwaka wa mwisho, na hakumruhusu mtu kuigusa, hata mwanawe aliyekuwa akilipwa na watu wengine kwa kugusa mashine zao. "Mashine yangu haiumwi," alikuwa akisema, na mlango ukafungwa.

"Dada, shikamoo. Umebeba mzigo huu peke yako?"

"Marahaba. Nilibebewa hadi kona, kutoka pale nikajibebea. Sikia, mdogo wangu. Kaka yako yuko mjini."

Bwana Nia aliketi.

Kaka yao hakuwa amekanyaga mji ule kwa miaka thelathini na minne. Baba alikuwa amemwombea kiti cha ukarani, tena kwa kuwapigia watu magoti, naye akakikalia miezi saba, kisha akakiacha akaenda kujifunza ufundi wa lifti. Baba aliona aibu isiyo na kifani: mtoto mwenye hati nzuri kuliko zote darasani, kwenda kupaka kamba grisi! Alimwandikia barua. Bwana Nia wakati huo alikuwa bwenini kwenye mafunzo; alichojua ni kwamba barua ilikwenda na kaka hakurudi, hata kwa mazishi.

"Amekuja kufunga lifti kwenye lile jengo jipya la ghorofa kumi," dada aliendelea. "Anaondoka Alhamisi. Nimemwambia Jumatano aje nyumbani anywe chai, chai tu, sikumwambia alale. Unajua kanijibu nini? Eti hawezi kukaa chini ya paa la mtu aliyemwita mpumbavu kwa maandishi."

"Baba alimwita mpumbavu? Baba? Mtu aliyemwandikia mwizi wa kuku 'Ndugu mshtakiwa'?"

"Kaka yako anasema anayo barua. Mimi sijaiona." Alikung'uta kitambaa, akakikunja. "Nimeleta mashine uisafishe. Akija nimpe, asipokuja nimpelekee. Sina jingine la kumpa. Mimi nina miaka sitini na mmoja, mdogo wangu. Akiondoka safari hii bila kuingia ndani ya nyumba ile, hatutaketi sisi watatu tena. Hilo nalijua kama ninavyojua goti langu."

Alipokwisha kwenda, Bwana Nia aliifungua mashine kwa adabu, kama mtu anayemvua mzee viatu. Hakuwahi kupata kipimo safi namna hii: mashine iliyotoka kiwandani ikaingia mikononi mwa mtu mmoja, na mtu huyo akiwa amekwisha kufa. Alisafisha mikono ya herufi kwa brashi, akaazima kwa fundi saa kile kioo chake cha kukuzia cha kubana jichoni, akaanza kuandika daftarini.

Herufi *a* ililika kwanza, kama ilivyo katika mashine zote za lugha yetu, maana hakuna sentensi inayokwenda bila kuikanyaga. Ikafuata *i*, kisha *u*, kisha *n* na *k*, kila moja mahali pake. Kwa upande mwingine, *q* iling'aa kama siku ya kwanza, kwa sababu hatuna neno linaloihitaji. Nayo *x*, ambayo vilevile haina kazi kwetu, ingepaswa kung'aa kando ya mwenzake.

Haikung'aa. *X* ilikuwa imelika kuliko *k*. Miguu yake minne ilikuwa butu kama ya meza iliyoburutwa.

Aliondoa kioo, akakifuta, akakirudisha jichoni.

"Njoo uone," alimwambia fundi saa.

Fundi saa aliona, akakuna shingo. "Baba yako alikuwa anajua lugha gani nyingine?"

"Hakuandika nyingine."

"Basi makarani hujaza x kwenye nafasi tupu za hati, mtu asije akachomeka maneno yake. Umesahau? Nia gani hapo? Ni utaratibu."

Lilikuwa pingamizi zuri, na Bwana Nia alilipenda. Alilitafakari hadi chai yake ikapoa. Kisha akainama, akatazama vitufe kutoka pembeni, dhidi ya mwanga wa dirisha.

"Anayejaza nafasi huenda mbele tu," alisema polepole. "Hana haja ya kurudi. Tazama kitufe cha kurudishia nyuma."

Kitufe kilikuwa na bonde katikati. Kidole kingeweza kulala humo.

"Huyu hakuwa anajaza," alisema. "Alikuwa anaandika neno, anarudi nyuma, anapiga x juu yake. Miaka nenda, miaka rudi."

"Anafuta."

"Anafuta."

Fundi saa alicheka kile kicheko chake. "Lakini si ni wewe uliyesema nia iliyofutwa haiachi kitu? Kanuni ya tatu! Nimeisikia kila wiki kwa miaka ishirini na miwili, hata mke wangu anaijua. Hiki hapa ni nini, basi? Panya?"

Bwana Nia aliirudia ile *x* kwa kioo. Hakukasirika. Alihisi kitu alichokuwa hajakihisi tangu ujana wake, kile cha mtu anayepanda ngazi gizani akadhani zimekwisha, kumbe imebaki moja. Ni neno gani hilo ambalo mzee aliliandika na kulifuta hadi akalemaza herufi? Kama lilikuwa lile analosema kaka, basi mzee aliketi chumbani miaka thelathini akitukana na kujuta, na dada hana haja ya kuandaa chai. Kama lilikuwa jingine, ni lipi?

Kulikuwa na karatasi moja tu duniani ya kumjibu.

Jumanne mchana alikwenda kwenye jengo jipya. Ngazi zilikuwa bado hazijawekwa vigae, na kila ghorofa ilinuka saruji mbichi. Alizipanda zote kumi kwa miguu, kwa kuwa lifti ilikuwa ndiyo inafungwa. Juu kabisa, katika chumba kidogo cha mtambo, alimkuta mtu mrefu mwenye mvi, amepiga goti kando ya gurudumu la chuma, anapima kitu kwa rula ya chuma. Mgongo ulikuwa wa baba mtupu.

"Shikamoo, kaka."

Mtu yule aligeuka, akamtazama kwa muda. "Marahaba. Wewe ni yule mdogo. Ulikuwa mwembamba."

"Nilikuwa na miaka kumi na tisa."

"Na sasa unahema kama mkweche. Kaa pale, usiguse ile swichi nyekundu." Alifuta mikono kwa tambara. "Dada kakutuma?"

"Dada ananituma siku zote. Leo nimekuja kwa shida yangu. Ile barua, ni kweli unayo?"

Kaka alikunja uso, kisha akatoa mfukoni bahasha ya plastiki, ya kuwekea leseni. "Nimeibeba makusudi, dada asije akanibembeleza bure. Soma mwenyewe. Alianza kwa tusi, akaliona kali, akalifuta, akaniandikia Bwana. Bwana! Kama mdaiwa. Na hakuona haja hata ya kubadili karatasi. Karani ambaye angerudia ukurasa mzima kwa ajili ya nukta moja! Mimi nilikuwa sistahili hata karatasi safi."

Bwana Nia aliikunjua. Karatasi ilikuwa imeanza kuwa njano kwenye mikunjo. Juu kushoto palikuwa na mstari mfupi wa *x* zilizobanana, na chini yake neno *Bwana*, kisha maneno ya baba, marefu na yamefungwa vifungo vyote kama koti: kwa kuwa umeamua kukiacha kiti ulichoombewa, nyumba hii haitakuhesabu tena miongoni mwa waliomo. Hakuisoma zaidi. Alibana jichoni kioo cha fundi saa alichokuja nacho, akarudi kwenye zile *x*.

"Umejuaje kuwa ni mpumbavu?"

"Si inaonekana? Mwanzo kuna M kubwa, imetokeza juu. Mwisho kuna u, masikio yake yanaonekana. Na kuna mkia wa p chini. M, p, u. Ulitaka iwe nini, mpunga?"

"Ziko ngapi, hizi x?"

"Sikuhesabu."

"Nane," alisema Bwana Nia. Akakunja vidole vyake kimoja kimoja. "Na mpumbavu ina herufi nane."

"Sasa umekuja kunisaidia au kunichimbia?"

Alikuwa karibu kuirudisha barua. Lakini mazoea ya miaka mingi yalimshika mkono. "Kaka, nipe hiyo rula yako."

"Ya nini?"

"Kwenye mashine ya taipu herufi zote zina upana mmoja. M na i zinachukua nafasi sawa, kama watu kwenye viti vya kuhesabiwa. Kila herufi ina kiti chake. Ule mkia umekaa kiti cha ngapi?"

Kaka alimtazama kama mtu anayeulizwa umri wa mama yake. Kisha akaichukua karatasi, maana kupima ilikuwa kazi yake na hakupenda kupimiwa. Aliilaza juu ya kifuniko cha mtambo, akaipanga rula chini ya mstari, akachukua kioo. Alihesabu kwa ncha ya penseli, midomo ikichezacheza.

"Moja, M. Mbili..." Akairudisha penseli nyuma. "Mbili haina mkia."

"Endelea."

"Tatu hakuna. Nne hakuna. Tano hakuna."

"Tano ingekuwa b. Ile b ya mpumbavu. Ingetokeza juu, kama M. X haifiki juu kiasi hicho."

"Haijatokeza kitu." Sauti yake ilikuwa imepungua. "Sita hakuna. Saba." Aliinua penseli. "Mkia uko kwenye saba."

Chini kabisa, katika shimo la lifti, mtu aligonga chuma mara mbili na kungoja ajibiwe. Kaka alibaki ameinamia rula.

"Herufi nane," alisema Bwana Nia, "inaanza kwa M kubwa, inaishia kwa u, na ya saba ina mkia."

Alimwachia alitafute mwenyewe. Kaka aliandika *mpumbavu* kwa penseli kwenye ukuta wa saruji, na chini yake, herufi kwa herufi, lile jingine, kwa ile hati iliyokuwa nzuri kuliko zote darasani. M, w, a, n, a, n, g, u. Alipofika kwenye *g* alisimama, akaichorea mkia mrefu kupita kiasi, kisha akamalizia.

Walilitazama wote wawili.

"Niliisoma mara moja tu, pale stendi," kaka alisema. "Nikaikunja. Miaka yote hii nilipokuwa naisoma, nilikuwa naisoma kichwani. Na kichwani mkia ulikuwa kwenye mbili. Naapa, ulikuwa kwenye mbili."

"Wewe ndiye uliyeuhamisha."

"Usinianzie na falsafa zako. Dada kanieleza."

"Sikuanzii, kaka. Nauliza tu. Mtu anayerudia ukurasa kwa nukta moja, kwa nini huu hakuurudia?"

Bwana Nia alijua kwamba hakuna wa kulijibu swali hilo kwa uhakika. Yawezekana mzee alitaka lionekane. Yawezekana karatasi zilikuwa zimemwishia. Alieleza badala yake habari za *x* iliyolika na bonde la kile kitufe, na kwamba mapigo manane ya barua moja hayawezi kulemaza herufi ya chuma.

"Kwa hiyo alinuia kuandika tena."

"Mara nyingi sana."

"Ziko wapi, hizo barua?"

"Sijui. Dada hajaona hata moja. Pengine alizichoma. Nimebaki na mashine tu."

Kaka aliikunja karatasi kwa mikunjo yake ya zamani, akairudisha mfukoni. Aliinama shimoni, akampigia kelele yule wa chini asubiri. Kisha, akiwa bado amempa mdogo wake mgongo, akasema, "Dada alisema chai saa ngapi?"

"Saa kumi."

"Mwambie kumi na nusu. Kuna kamba ya kukaza."

Fundi saa, aliposimuliwa habari hizi, alisikiliza mpaka mwisho pasipo kucheka. "Sawa," alisema. "Lakini hii haithibitishi kitu. Inathibitisha kwamba g ina mkia."

"Kweli," alisema Bwana Nia. Ila alifungua daftari kwenye kanuni ya tatu, akaitazama kwa muda mrefu, akaweka alama ya kuuliza pembeni. Kama kufuta nako ni kunuia, basi juu ya nia ya kwanza imelazwa ya pili, na chuma kimezitunza zote mbili. Ni nani sasa wa kuzitenganisha?

Jumatano alasiri mashine ilikaa kwenye meza ya sebuleni, imesafishwa, utepe mpya wa wino ndani. *X* butu hakuibadilisha, ingawa alikuwa na nzima ndani ya boksi la vipuri. Kaka alifika saa kumi na dakika ishirini na tano, akasimama kizingitini kwa muda mfupi kuliko dada alivyohofia, akaingia. Walikunywa chai. Dada alizungumza mno, kama ilivyotarajiwa, na mara mbili akamtilia sukari asiyoitaka.

Kisha kaka alivuta kiti mbele ya mashine, akaingiza karatasi, akaipiga kwa kidole kimoja, polepole, kama mtu aliyeacha ukarani zamani. *Bwana*, aliandika. Akatazama. Kidole chake kikakitafuta kitufe cha kurudishia nyuma, kikaingia ndani ya bonde. Alirudi mara tano, akapiga *x* tano. Chini yake akaandika *Baba*.

"Karatasi nzima nimekupa, mbona umeichafua?" dada alisema. "Chukua nyingine."

"Iache hivyo," alisema kaka. "Kwetu ndivyo tunavyoandika."

Dada alicheka, akajifuta macho kwa kitambaa cha buluu. Bwana Nia alikuwa ameinamia mashine kutoka pembeni. Alikuwa ameona kwamba kaka aliipiga *x* kwa nguvu kuliko ilivyohitajika, na alikuwa akijiuliza, penseli imekwisha kutoka mfukoni, kama mikwaruzo hii mitano mipya, ndani ya ile ya zamani, ihesabiwe ya mwana au ya mzee.